Lokesheni imefika, kusi na kaskazi zimekwenda wapi?

Ukisimama leo kwenye steji ya Mlaleo au Bombolulu ukampigia simu kijana wa bodaboda aje akuchukue, jambo la kwanza atakalokuambia ni, "Nitumie lokesheni." Ukijaribu kumweleza kwa mdomo kwamba uko nyuma ya msikiti, ubavuni mwa duka la mahamri, atakukatiza kwa adabu: "Mama, we tuma tu lokesheni, nitafika." Na kweli atafika. Kile kitone cha buluu kwenye kioo cha simu kitamtoa barabara kuu, kimpitishe vichochoro, mpaka akusimamie mbele.

Safu hii ni ya lugha, kwa hivyo sitakaa sana juu ya mambo ya setilaiti. Yatosha kusema kwamba mfumo wa GPS ni wa Marekani, ulikamilika mwaka 1995, na usahihi wake kwa mtumiaji wa kawaida uliongezeka ghafla mwezi Mei mwaka 2000 serikali ya nchi hiyo ilipoacha kuyapotosha mawimbi yake kwa makusudi. Ni robo karne tu. Lakini katika robo karne hiyo swali la "uko wapi?", ambalo tangu hapo lilijibiwa kwa maneno, limeanza kujibiwa bila neno hata moja. Mwanadamu asipotumia maneno fulani kwa muda mrefu, maneno hayo humtoka. Na maneno ya njia, hasa huku kwetu pwani, yakitoka huondoka na maarifa yaliyokuwa ndani yake.

Tuanze na pande za dunia. Mwanafunzi wa Changamwe ukimuuliza kaskazini ni wapi, aghalabu atanyoosha kidole juu, kuelekea dari. Usimcheke. Amefundishwa kwa ramani iliyobandikwa ukutani, na kwenye ramani ya ukutani kaskazini ni juu. Alichokosa kuelezwa ni kwamba neno lenyewe limetokana na upepo. Kaskazi ni ule upepo wa msimu uvumao takriban kuanzia Desemba hadi Machi, ukitokea upande wa kaskazini-mashariki, ule ulioleta majahazi ya Arabuni na Bara Hindi. Ukiongeza kiambishi -ni cha mahali unapata kaskazini, yaani kule kwenye kaskazi. Kusi nayo hushika zamu kuanzia Aprili au Mei hadi Septemba hivi, ikaturudishia kusini. Baina ya misimu hiyo miwili upepo huwa haueleweki, leo huku, kesho kule. Mabaharia waliziita siku hizo maleleji, na wengine tanga mbili.

Kwa hiyo Mswahili wa kale hakuhitaji kukariri pande. Alizihisi shavuni. Aliyeamka Likoni mwezi Julai, upepo ukimpiga usoni na bahari imechafuka, alijua ameelekea wapi kabla ya kufumbua macho vizuri. Mashariki na magharibi tumeyapata kutoka Kiarabu, maawio na machweo, na hata hapo palikuwa na majina ya pepo: matlai ni upepo wa upande wa jua linakochomoza, na umande, mbali na kuwa lile tone la asubuhi kwenye jani, ni pia jina la upepo wa alfajiri unaotoka bara kwenda baharini. Umande ndio uliowatoa wavuvi. Leo neno hilo limebaki na tone la jani peke yake, na hilo pia ni la watoto waendao shule kabla ya jua kutoka.

Kuna alama nyingine ambayo Mombasa imejaliwa kuliko miji mingi duniani, na nashangaa jinsi isivyozungumzwa. Makka iko karibu nyuzi 39.8 za longitudo ya mashariki. Mombasa iko karibu nyuzi 39.7. Tofauti yake ni ndogo mno, maana yake kibla cha Mombasa ni kaskazini barabara. Muislamu wa Cairo akiswali huelekea kusini-mashariki, wa Karachi huelekea magharibi. Wa Kisauni huelekea kaskazini. Ndiyo maana wazee wa pwani waliweza kulitumia neno kibla kwa maana ya kaskazini hata pasipo habari ya sala. Kila mihrabu ya msikiti wa Likoni, Mtopanga au Magongo ni dira ya zege. Magofu ya misikiti ya Jumba la Mtwana, kule ng'ambo ya Mtwapa, nayo yameelekea huko huko. Hata makaburi ya Waislamu, kwa kuwa maiti hulazwa kwa ubavu wa kulia akikabili kibla, hulala mashariki kwa magharibi. Mtu wa dini yoyote, akipotea katika vichochoro vya Mshomoroni bila chaji, msikiti wa kwanza atakaouona unamwambia kaskazini ni wapi. Sharti tu ajue kuusoma.

Jua pia husomeka, ingawa hapa yahitaji tahadhari, kwa sababu vitabu vingi vya skauti viliandikwa na watu wa Ulaya. Kwao jua la adhuhuri liko kusini mwaka mzima. Kwetu sivyo. Mombasa iko nyuzi nne kusini mwa ikweta, na kwa hiyo mwezi Juni jua la saa sita huwa upande wa kaskazini na kivuli chako huangukia kusini. Desemba mambo hugeuka. Aliyekariri kanuni ya Ulaya akaja nayo Miritini atakwenda kinyume kwa nusu mwaka.

Na nyota? Mabaharia wa Kiarabu waliifuata nyota ya kaskazini waliyoiita Jah, wakaipima kimo chake kwa vidole, au kwa kibao kidogo chenye uzi wa mafundo walichokiita kamal. Lakini nyota hiyo haionekani Mombasa. Iko chini ya upeo wa macho. Chombo kilichotoka Mvita kilikwenda kwanza kwa nyota nyingine na kwa alama za pwani, mpaka kilipovuka ikweta, upande wa Somalia, ndipo Jah ilipoanza kuinuka. Hebu fikiria elimu iliyohitajika. Vasco da Gama alipofika kwetu Aprili 1498 hakuwa nayo. Mombasa hakupata mwongozaji. Malindi akampata, akaondoka tarehe 24 mwezi huo, na kabla ya Mei kwisha alikuwa pwani ya Calicut. Kwa miaka mingi watu walidai kwamba mwongozaji huyo ni Ahmad ibn Majid, bingwa wa elimu ya bahari kutoka Oman. Wanahistoria wengi wa leo hawakubali. Awe nani awaye, alikuwa rubani.

Neno hili rubani linastahili kutazamwa. Leo ukilitaja, msikilizaji huona ndege. Asili yake ni bahari: rubani ni mjuzi wa njia, anayekiongoza chombo kupita miamba. Nahodha naye ameacha jahazi akavaa utepe mkononi katika uwanja wa kandanda. Usukani umekwenda kwenye matatu. Dira imekwenda maofisini. Tanzania ilikuwa na Dira ya Taifa ya Maendeleo 2025, na kila shirika siku hizi lina dira na dhamira yake ukutani, ijapokuwa wafanyakazi wake hawajawahi kushika dira yenyewe mkononi. Majira, ambayo sisi twayajua kuwa ni misimu au nyakati, katika kinywa cha baharia yalikuwa ni mwelekeo wa chombo, ile njia kinayoishika majini. Na ramani, kwa maelezo ya wanaleksikografia wengi, ina uhusiano na neno la Kiajemi lenye maana ya "kionyesha njia", ambalo lilikuwa jina la vitabu vya mabaharia. Vitabu hivyo havikuwa picha. Vilikuwa maelezo: ukitoka bandari fulani shika nyota fulani, ukiona mlima wa umbo hili geuka. Ramani ya mwanzo ilikuwa ni maneno.

Sipingi maneno kuhama. Lugha isiyohamisha maneno imekufa. Ninachokionyesha ni kwamba sisi ni wana wa watu waliokuwa na msamiati mpana wa kujua mahali, na tumeugawa wote kwa kandanda, siasa na semina.

Changamwe, hata hivyo, kuna mahali ambapo neno na kazi yake bado viko pamoja, nako ni uwanja wa ndege wa Moi. Ndege hutua ikiukabili upepo. Msimu ukigeuka, upande zinakoingilia nao hugeuka, na wakazi wa Port Reitz na Chaani husikia tofauti hiyo juu ya mabati yao. Nambari kubwa zilizochorwa kwenye njia ya ndege ni nyuzi za dira zilizoondolewa sifuri ya mwisho: 03 ni nyuzi 30, upande wa kaskazini-mashariki, 21 ni nyuzi 210, kinyume chake. Pamoja na mitambo yake yote, rubani huyu wa angani angali anaamrishwa na kusi na kaskazi kama yule wa jahazi.

Turudi chini, kwenye majina ya mitaa, maana hapo ndipo pwani ilipoandika ramani yake bila karatasi. Liko ni mahali pa kutia chombo nanga au kushusha watu. Likoni ni penye liko, na hadi leo ndipo watu washukapo feri. Kilindi ni maji ya kina. Kilindini, ng'ambo yake, ni penye kina, na ndipo meli kubwa zinapoingia. Mtu aliyeyapa maji hayo jina alikuwa anamwonya na kumwelekeza nahodha kwa wakati mmoja. Kisauni kuna Kengeleni. Mwaka 1875 Church Missionary Society iliweka Freretown, makao ya watu waliokombolewa utumwani, na kengele ikatundikwa ili iwatahadharishe watu wakati wa hatari. Hatari hiyo imekwisha, mji umeizunguka kengele, barabara zimepishana, lakini makanga wanaendelea kuita "Kengeleni! Kengeleni!" na abiria wanashuka. Changamwe lenyewe ni jina la watu kabla ya kuwa jina la mtaa, kwa kuwa Wachangamwe ni mmojawapo wa miji mitatu ya Waswahili iitwayo Thelatha Taifa, pamoja na Wakilindini na Watangana.

Simu huyajua majina haya kama vibandiko tu. Haijui kwa nini Likoni iko majini.

Sasa tusikilize simu inavyosema. "Baada ya mita mia mbili, geuka kulia." Kulia ni neno zuri, mkono wa kulia ni mkono wa kulia chakula, na wazee waliuita pia mkono wa kuume. Lakini kulia ni kwangu mimi, si kwa mahali. Nikigeuka, kulia kwangu kunageuka nami. Kaskazini haigeuki. Wanaisimu wamelichunguza suala hili kwa kina, na mfano wanaoupenda ni wa Waguugu Yimithirr wa jimbo la Queensland, Australia, ambao lugha yao haina desturi ya kusema mkono wa kushoto. Husema mkono wa magharibi, au wa mashariki, kulingana na walivyosimama. Ili aseme sentensi ya kawaida kabisa, mzungumzaji lazima awe anajua pande za dunia kila dakika. Stephen Levinson na wenzake waliwapima watu hao wakawakuta hawapotezi mwelekeo kwa urahisi. Lugha imewazoeza.

Kiswahili hakitulazimishi kiasi hicho. Lakini kina chombo chake ambacho simu haina, nacho ni po, ko na mo. Msikilize mama wa Kisauni akimwelekeza mgeni: "Shukia pale Kengeleni. Ukishashuka shika ile ndia iendayo kule pwani, usikate kona. Utaona mwembe, hapo penye mwembe pana kichochoro, ingia mle, uliza kwa mama fulani." Katika maelezo hayo machache mna pale, mahali mahususi tunapopajua sote, mna kule, eneo lisilo na mpaka, la kuelekea tu, mna mle, ndani, penye kuta. Mgeni anaambiwa wakati uo huo ni wapi pa kuwa makini na ni wapi pa kwenda kwa kukisia. Kisha anaambiwa aulize, yaani anakabidhiwa kwa mwenyeji wa pili. Ni sarufi, na ni ukarimu. Mita mia mbili hazina hayo yote. Na ni nani kati yetu, kusema kweli, anayejua mita mia mbili zinaishia wapi?

Wanasayansi wa ubongo nao wana neno hapa. Ndani ya ubongo kuna sehemu iitwayo hipokampasi, iliyopewa jina la Kigiriki kwa kuwa umbo lake hufanana na farasi wa baharini, na hiyo ndiyo hutuchorea mahali. Mwaka 2000 Eleanor Maguire na wenzake wa London walionyesha kwamba madereva wa teksi wa mji huo, ambao hulazimika kukariri mitaa ipatayo 25,000 kabla ya kupewa leseni, walikuwa na sehemu ya nyuma ya hipokampasi kubwa kuliko watu wengine. Mwaka 2017 watafiti wa mji huo huo waliwapitisha watu 24 katika mtaa wa Soho kwa njia ya video, baadhi ya safari wakichagua njia wenyewe na nyingine wakiambiwa pa kugeuka. Walipochagua wenyewe, hipokampasi ilichangamka kila walipofika njia panda. Walipofuata maagizo, ilinyamaza.

Utafiti unaonigusa zaidi ni wa Louisa Dahmani na Véronique Bohbot wa Kanada, uliochapishwa mwaka 2020. Waliwapima madereva 50, kisha baada ya miaka mitatu wakawapima tena 13 kati yao. Waliokuwa wametumia GPS zaidi katika miaka hiyo ndio kumbukumbu yao ya mahali iliyoshuka zaidi. Kumi na watatu ni wachache, na mtu asijenge ghorofa juu ya msingi huo. Lakini watafiti walitazama pia kama watu hao waliikimbilia simu kwa sababu tangu hapo walikuwa wepesi wa kupotea, wakakuta sivyo.

Waswahili walilijua jambo hilo bila mashine. Kupotea njia ndiko kujua njia, walisema, na methali hiyo huchukuliwa kama faraja kwa aliyekosea. Naona ni maelezo ya jinsi akili inavyojifunza: ni pale njia panda, unapochagua vibaya na kurudi, ndipo mahali panapoandikika. Simu imeondoa kupotea. Imeondoa na kile kilichofuata.

Mtu ataniambia, "Mwalimu, acha ushairi, lokesheni inatusaidia." Nakubali. Msichana aliyeteremshwa usiku Mikindani asikokujua ni heri afuate kioo chake kuliko kumuuliza asiyemjua. Mchuuzi wa Kongowea anayepeleka mizigo kwa wateja kumi kwa siku hana muda wa kuulizia mwembe, na labda mwembe wenyewe umekatwa. Wala wakongwe hawakuwa malaika. Walipotea, tena baharini, na wengine hawakurudi.

Ila tuseme ni saa nane za usiku huko Mtongwe, mama mjamzito ameshikwa na uchungu, na mdogo wake anapiga simu kuita gari. Katika uwanja wa wazi simu hukosea kwa mita tano hivi. Katikati ya kuta hukosea zaidi, kwa kuwa mawimbi hugonga ukuta huu yakarudishwa na ule. Mita tano katika kichochoro cha upana wa mita mbili ni kwa jirani, au ni kichochoro kingine kabisa kisichopitana na hiki. Nyumba hazina nambari. Vichochoro vingi havina majina yaliyoandikwa popote. Dereva amefika karibu, taa zake zinaonekana juu ya mabati, anauliza, "Nipitie wapi?" Na kijana wa miaka kumi na minane aliyezaliwa mtaa huo, anayeupita kila siku, anajibu, "Si nimekutumia lokesheni?" Hana sentensi nyingine. Hajui aseme pwani au bara, kabla ya kisima au baada yake, mkono wa msikiti au mkono wa shule. Mtaa anaujua kwa miguu, lakini hana maneno ya kumpa mwenzake.

Jeshi la wanamaji la Marekani, wenye GPS yao wenyewe, lilirudisha somo la kusafiri kwa nyota katika chuo chao cha maofisa mwaka 2015 baada ya kuliacha kwa miaka mingi, kwa hofu ya siku ambayo mawimbi yatavurugwa. Sisi hatuhitaji manowari ili tuanze. Insha ya maelekezo imo katika mtaala wa Kiswahili, na mara nyingi hugeuzwa kuwa zoezi la jinsi ya kupika chai. Mwalimu wa Likoni amwambie mwanafunzi amtoe mgeni kwenye feri mpaka shuleni kwa maandishi, bila kutaja mita, bila kulia wala kushoto, atumie pwani na bara, kusi na kaskazi, pale, kule na mle. Kisha mwenzake ayafuate maelezo hayo kwa miguu. Atakayefikishwa ng'ambo ya pili atakuwa amempatia mwenziwe somo.

Na ukitaka kuanza nyumbani, subiri tarehe 3 Oktoba au karibu yake. Jua siku hiyo hupita juu ya utosi wa Mombasa. Toka nje saa sita na dakika kumi mchana, usimame wima uwanjani, iwe Kisauni, Likoni au Changamwe, utazame chini. Kivuli chako kitakuwa kimejikunja chini ya nyayo zako. Rudi pale pale Desemba, saa sita hiyo hiyo, ukiangalie kimelalia wapi.